Picha ya Kihispania kwa Kiswahili cha Bi Sauda

Mwaka 1989, nina miaka kumi na miwili, ndipo shida zetu zilipoanza. Kabla ya hapo tulikuwa maskini tu, na umaskini sikuuhesabu kuwa shida maadamu nilijua nitalala wapi na nitaamka ubavuni mwa nani. Naandika haya kwa wa rika langu, walioletwa London wadogo, wakavishwa makoti ya watu wengine na kuambiwa wasishike kuta kwa mikono michafu. Vijana wakitaka kusoma, karibu, ila wasinisahihishe. Shule niliikalia miaka, haikunikalia.

Kilichonirudisha huko ni picha ya sinema. Mwanangu Salma, ambaye ni nesi, alinishika mkono Jumamosi moja akanipeleka kuitazama. Nilidhani watakuwepo wazee wachache wanaokimbia baridi. Nikakuta ukumbi umejaa wasichana waliopaka midomo rangi, wengine wamevaa magauni ya rangi ya chungwa kwa makusudi, wanajua kabla ya tukio kufika na wanaanza kucheka mapema. Picha yenyewe ni ya Kihispania, ya zamani, ya kuchekesha, na ni ya wanawake tupu. Jengo moja la ghorofa, wanawake wanne wanaokaa humo, na kabati kubwa la nguo ambalo lazima literemshwe ngazi kabla mwenye nyumba hajafika. Kuta kijani kibichi, friji nyekundu, vigae vya jikoni vya njano, hereni kubwa kama vitasa vya mlango. Wanaume wamo, lakini kazi yao ni kutafuta viatu vyao.

Nilikaa nikasoma maandishi ya Kiingereza yanayopita chini. Sasa najua kuyasoma, kwa kujifundisha mwenyewe kwenye karatasi za oda za vitambaa dukani kwangu. Ikafika pale mwanamke wa gauni la chungwa anaposimama mlangoni, na mwanamume ameshika sanduku. Maandishi yakasema kwamba anamuuliza ufunguo wa ghala la chini ameuweka wapi. Ufunguo wa ghala tu. Ukumbi ukacheka, mimi nikaanza kulia, na Salma akaniuliza kwa Kiingereza chake kama naumwa.

Sikuwa naumwa. Mimi na maneno yale tulikuwa tunajuana kwa namna nyingine.

Wakati ule tulikaa Stanmore, nyumbani kwa Shangazi Zena, dada yake baba. Chumba chetu kilikuwa juu, kimoja, mimi nikilala baina ya ukuta na kitanda. Baba alifanya kazi kiwanda cha mikate. Mama hakuwa na kazi wala Kiingereza, na kila alipotoka alitoka na wifi yake. Sisemi Shangazi alikuwa mbaya. Alipika vizuri, alinisuka, alinilipia viatu. Lakini alikuwa dada wa mtu, na yote aliyoyasikia yalifika kwa kaka yake kabla chai haijapoa.

Furaha ya mama ilikuwa Jumapili. Mchana, mama, Shangazi na mimi tulipanda basi hadi Rayners Lane, kwa Bi Sauda, mwanamke wa Lamu aliyesafisha vyumba hotelini. Alikaa flati ya juu ya duka la mapazia. Mwenye duka alikuwa Mama Jyoti, Mhindi aliyezaliwa Nakuru, na yeye pia alipanda ngazi siku hiyo, ameleta bajia. Wengine walikuwa mama zetu wa Mombasa na Malindi, watano, sita, inategemea nani karuhusiwa. Chai ya tangawizi, mahamri, moshi wa udi kidogo ili kufukuza harufu ya zulia lenye unyevu. Halafu televisheni inawashwa.

Bi Sauda alikuwa na kaseti moja tu ya video, picha hiyo hiyo, aliyopewa hotelini na wenzake Wahispania. Hakuna aliyejua lugha yake, na maandishi ya Kiingereza yalikwenda mbio kuliko macho yetu. Bi Sauda akasema yeye Kihispania anakijua, amekiokota kazini. Basi alikaa sakafuni kando ya televisheni akitafsiri, kila mtu kwa sauti yake. Wale wanawake aliwapa majina ya kwetu na maneno ya kwetu. Jirani mnene alizungumza kama mtu wa mtaa wa Mkomani, kule Lamu, aliyenyimwa mualiko wa harusi. Mama zetu walicheka mpaka wakashikana magoti.

Na kila Jumapili hadithi ilikuwa nyingine. Wiki hii wanahamisha kabati kwa sababu ya deni, wiki ijayo kwa sababu ya kunguni. Wakubwa walijua ni utundu wake, na utundu huo ndio waliokuja kuufuata. Mimi sikujua. Niliamini kwamba watu waliokuwa ndani ya kaseti walikaa wakafikiri wiki nzima, Jumapili wakaamua upya. Niliona haya kumuuliza mtu jambo ambalo wote walionekana kulielewa.

Mwaka huo baba alitangaza kwamba wakati wa likizo ya shule atanipeleka nyumbani pwani, nikamwone bibi. Wiki mbili. Mimi nililala nikiota mchanga. Mama alikubali kwa sababu hakuna aliyemuuliza, na akaanza kunishonea gauni la safari, bluu, lenye ukosi mweupe. Safari ilikuwa Alhamisi.

Jumapili iliyotangulia tulikwenda kwa Bi Sauda kama kawaida. Mama alibeba lile gauni, akawa anapinda ukingo kwa mkono. Shangazi alikaa karibu naye kwenye kochi, goti kwa goti. Nakumbuka Bi Sauda hakula kitu, na Mama Jyoti, ambaye kwa kawaida alizungumza juu ya kila mtu, alikuwa akizipanga na kuzipangua bajia zake.

Ikafika pale mlangoni. Mwanamke wa chungwa, mwanamume, sanduku. Bi Sauda akakohoa.

"Anamuuliza, unakwenda na mtoto?"

"Mtoto gani?" Shangazi akasema. "Wiki iliyopita hapakuwa na mtoto."

"Wiki iliyopita ulikuwa unatafuna, dada Zena. Hukusikia."

Wakacheka. Shangazi pia alicheka kidogo, maana alipenda kutaniwa.

"Haya, naye anajibu nini?"

"Anasema, ndiyo, nakwenda naye."

Sindano ya mama ilisimama. Hakuinua uso. "Rudisha hapo kidogo, Bi Sauda," akasema. "Sikusikia vizuri."

Bi Sauda alibonyeza, kaseti ikalia ule mlio wake wa kukwaruza, mwanamke wa chungwa akarudi kinyumenyume mpaka ndani, akatoka tena. Mdomo wake ukafunguka.

"Anauliza, mtoto atarudi lini?"

"Na mwanamume?"

"Mwanamume anasema, mimi nitarudi baada ya wiki mbili. Mtoto harudi."

Kwenye televisheni yule mwanamume alikuwa anacheka, ameshika kiatu kimoja. Mimi niliona ni mtu mbaya sana, kucheka huku anasema vile.

"Hebu," Shangazi akasema, "mtu kafungua mdomo mara moja, wewe umetupa hotuba."

"Kihispania kinakunjwa, dada Zena. Mimi nakikunjua."

Safari hii waliocheka walicheka kwa pua. Mama alisubiri wamalize.

"Rudisha tena. Muulize, huyo mtoto atakaa na nani."

Muulize. Alisema hivyo, kana kwamba mtu wa kwenye kaseti anaweza kuulizwa kutoka Rayners Lane. Hakuna aliyemcheka. Kaseti ikarudi, ikakwaruza, mwanamke akatoka mlangoni.

"Anasema atakaa na mkewe."

"Mkewe si huyu mwenye gauni la chungwa?"

"Huyu ni wa huku. Ana wa huko."

Shangazi aliweka kikombe chini. Aliangalia miguu yake kwa muda, halafu akaangalia dirisha. Mimi nilikuwa sakafuni, namwona vizuri kuliko wote. Sikuelewa kwa nini picha imemchokoza yeye.

"Tafsiri mbovu," akasema, lakini polepole.

"Labda," mama akasema. "Na huyu wa chungwa kayajuaje?"

"Jirani kamwambia," Bi Sauda akajibu, macho kwenye televisheni. "Jirani hana faida ya kusema uongo."

Mama alikata uzi kwa meno. Akaukunja mkono wa gauni langu, akaulaza juu ya paja, akaupiga pasi kwa kiganja.

"Basi endelea. Tuone kabati."

Ninyi mmeshaelewa. Mama Jyoti alikuwa na shemeji aliyeuza tiketi za ndege Kenton. Baba alikata kwake: yake ya kwenda na kurudi, yangu ya kwenda tu, na mdomo ukamponyoka akataja mke wa huko atakayenipokea. Mama Jyoti akamwambia Bi Sauda. Na Bi Sauda angemwambiaje mama, wakati wifi hambanduki hata chooni? Simu ilikuwa ukumbini kwa Shangazi. Barua mama asingeweza kuisoma bila kusomewa. Kwetu mtu akitaka kumwambia mwenzake jambo mbele ya asiyetakiwa kulisikia, analipitisha kwa mtu wa tatu, paka, jirani, hata sufuria. Bi Sauda alilipitisha kwa Wahispania.

Lakini mimi nilikuwa mtoto wa miaka kumi na miwili, na shida yangu ilikuwa nyingine. Kama kuna mtoto kwenye picha, yuko wapi? Nilitazama kila kona. Hayuko jikoni, hayuko ngazini. Ndipo wakaanza kuliteremsha lile kabati, wanawake wanne, wakilia, wakigombana, wakilishika kwa uangalifu kama limejaa mayai, na mimi nikajua. Wamemficha mtoto kabatini. Niliuma kidole. Nilisubiri mlango ufunguke. Ulipofunguka akaanguka yule yule wa kila Jumapili, mwanamume wa chupi ya mistari, na chumba kizima kikapasuka kwa kicheko, mama akicheka kuliko wote, machozi yanamtiririka mpaka kwenye gauni la bluu. Mimi nilibaki natazama ndani ya lile kabati tupu.

Siku iliyofuata Shangazi aliniita jikoni. Baba alikuwa ukumbini, anapima sanduku kwa mizani ya bafuni, anapanda nalo, anashuka, anatoa kitu, anapanda tena. Shangazi alikuwa anakata vitunguu.

"Njoo hapa, mwanangu. Jana mama yako alikuwa anauliza uliza nini kwenye ile picha?"

Hapo hapo nikaangua kilio. Nilikuwa nimekivumilia toka jana.

"Hawakumtoa, Shangazi. Walimsahau."

"Nani?"

"Yule mtoto. Alikuwa kabatini. Akatoka yule mwanamume wa chupi na mtoto hakutoka, na wote wakacheka, na mama akarudisha rudisha kumtafuta na hakumwona."

Alinitazama, kisu mkononi. Kutoka ukumbini baba akauliza, "Kuna nini huko?"

"Hakuna kitu," Shangazi akasema. "Mtoto kaota picha." Akanifuta uso kwa kanga yake yenye harufu ya vitunguu, nikalia zaidi. Akacheka, akaniambia ni mjinga kama baba yangu alipokuwa mdogo. Hakuuliza tena.

Mama alikuwa juu, amesimama nyuma ya mlango. Aliniambia miaka mingi baadaye kwamba alishika kitasa kwa mikono miwili, akisikiliza nitasema nini.

Jumatano, baada ya chai, alisema anakwenda kwa Mama Jyoti kuazima mashine amalizie matundu ya vifungo, na mimi nije nipimwe. Shangazi alikuwa na miadi ya daktari. "Rudini mapema," akasema, "kuna baridi." Mama alinivalisha magauni mawili chini ya koti. Nikamwambia nasikia joto. Akasema nyamaza, utashukuru. Kwenye basi alishika mkono wangu kwa nguvu hata pete yake ikanichora.

Hatukurudi.

Baba na Shangazi walikuja Alhamisi asubuhi, na teksi. Shangazi alijua pa kutufuata, ni wapi pengine tungekwenda? Lakini dukani walikuta watu. Mama zetu wote wa Jumapili walikuwemo, wengine wametoroka kazini. Mmoja anapima kitambaa cha njano, mmoja anabishana juu ya pindo, wawili wamekalia marobota. Bi Sauda alisimama kwenye kaunta na sare yake ya hoteli. Mama alikuwa nyuma, kwenye mashine, anashona pazia la mtu. Mimi nilikuwa chini ya meza ya kukatia, na gauni langu la bluu, tayari kwa safari. Niliona viatu vya baba vinaingia. Nikafurahi. Nilidhani kaja kunichukua twende baharini.

"Wewe nataka pazia?" Mama Jyoti akamuuliza.

"Nataka mwanangu."

"Hapa iko pazia tu, bwana."

"Mama, usinichezee. Ndege hainisubiri." Akampazia mama sauti juu ya kelele ya mashine. "Toka huko. Unaniaibisha mbele za watu."

Mashine iliendelea. Akasema tena, sasa kwa maneno ambayo sitayaandika. Mashine ikasimama. Kwa jinsi mama alivyokuwa, nilitarajia atainama na kunisukuma mbele. Hakuinama. Hakulipitisha kwa paka wala kwa Mhispania.

"Sema mbele ya dada yako," akamwambia. "Mtoto atarudi lini?"

"Nimeshasema."

"Sema tena. Sikusikia vizuri."

Baba alitazama wale wanawake, mmoja mmoja. Hakuna aliyekuwa anapima kitu tena. Nje teksi ilikuwa inanguruma. Aligeuza macho kwenye saa yake.

"Kule atasoma," akasema. "Atalelewa vizuri. Huku atakuwa nini, Mzungu?"

"Kaka," Shangazi akasema. Alikuwa mlangoni, hajaingia vizuri. "Si wiki mbili?"

Baba aligeuka akaitazama teksi.

"Mimi uliniambia wiki mbili. Nimemwambia bibi yake wiki mbili."

"Zena, hili si lako."

"Si langu? Ya mke ulinifungisha mdomo, nikafunga. Nikakaa nyumba moja na mama wa watu, nala naye sahani moja, nimefunga mdomo. Hili nalo unaniambia si langu?"

Baba alipiga hatua kuja nyuma. Bi Sauda alitoka kwenye kaunta akasimama njiani, mwembamba kama ufagio, na akina mama wakasogea, bila kusukumana, mpaka hapakuwa na njia kati ya kitambaa na kitambaa. Angeweza kuwasukuma. Alikuwa mtu wa mikono, mama alijua, na mimi nilijua. Alisimama hapo mkono umenyanyuka nusu. Ni hapo tu, chini ya ile meza, nilipoelewa kwamba mtoto aliyekuwa akizungumzwa ni mimi.

Shangazi aligeuka akatoka. Nilimwona kupitia dirishani akifungua buti la teksi mwenyewe. Akatoa sanduku langu dogo, akaliweka chini kwenye lami, akafunga buti. Akarudi mlangoni.

"Nenda, kaka. Utaachwa na ndege."

Alikwenda. Sitamsema zaidi, ameshakufa, na huko kwake ana watoto wanaomkumbuka kwa mema. Mimi nililia siku nzima. Sikulia kwa sababu yake, nililia safari. Niliutaka ule mchanga, na hakuna aliyenibembeleza kwa hilo kwa sababu wote walidhani nalia hofu.

Jioni Shangazi alikuja tena na makoti yetu mengine. "Wifi, rudini nyumbani," akasema.

"Ahsante, wifi," mama akamwambia. "Nimepata kazi."

Kazi ilikuwa mapazia, na makazi yalikuwa sakafu ya Bi Sauda, karibu na ile televisheni. Hapo ndipo nilipoijua baridi. Nilitoka shule nikapinda mapindo mpaka vidole vikawa vigumu kama mbao, na mwalimu akasema sitafika popote kwa sababu nasinzia. Nilipofika umri wa kuachiwa na sheria niliacha shule, bila cheti hata kimoja. Mama Jyoti alipozeeka mimi ndiye niliyejua duka. Sikupewa. Nilinunua.

Siku ile tuliporudi kutoka sinema, Salma aliniuliza, "Kwa hiyo Bi Sauda hakujua Kihispania hata kidogo?"

"Alijua asubuhi njema, na taulo."

"Na picha haina hayo yote."

"Haina."

Alifikiri. "Mama, basi kwa nini bado inakuliza?"

Nilimwambia atazame wale wasichana walivyojaa. Miaka yote hii, na wanaujaza ukumbi bado. Watu wa magazeti watasema ni rangi. Mimi nauza rangi, nakubali. Lakini pia ni kwamba wanawake wale wanasema wote kwa pamoja, kwa kelele, bila kumaliza, na kila anayetazama anadhani moja ya hizo sauti inasema naye. Sisi tulidhani hivyo. Mmoja wetu, mama yangu, alikuwa hajakosea.

Bi Sauda tulimzika mwaka huu. Shangazi Zena ndiye aliyemwosha.

Leo nina nyumba Kenton, vyumba vitatu, imelipwa. Nina duka la mapazia Rayners Lane, na flati ya juu yake. Nina mashine saba, moja mbovu. Nina gari la mizigo jeupe. Nina wafanyakazi wanne, wote wanawake. Nina paspoti yangu, na kila mwaka nakwenda pwani kwa tiketi ya kwenda na kurudi ninayoikata mwenyewe. Nina binti nesi na mjukuu mmoja anayenijibu kwa Kiingereza. Mama yangu yuko hai. Ana chumba cha mbele, kinachotazama barabara, na huufunga mlango wake kwa ndani anapotaka.